Jina Ambalo Mama Alitaka Kulisikia

Siku moja naikumbuka kuliko nyingine zote, mwanangu, nayo haikuwa siku ya msiba. Ilikuwa siku ya kumtoa mtoto nje. Nilikuwa kijana wa miaka ishirini na mitano, nimepanga chumba na sebule pale Mikumi, nafanya kazi ya udobi katika hoteli moja ya watalii. Mke wangu Rehema alikuwa ametimiza siku arobaini tangu ajifungue binti yetu wa kwanza. Asubuhi hiyo mama yangu mzazi alishuka kwenye lori la mahindi akitokea Ulaya, kijiji chetu cha huku Kilosa, mkononi kikapu, kichwani mfuko wa unga wa ulezi. Alikuja kumpokea somo wake. Mimi nilijua kwamba hakuna somo aliyekuwa akimngoja, na nilikuwa sijamwambia.

Ngoja nianzie nyuma kidogo, maana mzee akianzia katikati vijana husema anaweweseka.

Somo, kama hukulelewa katika desturi hii, ni yule mnayechangia jina. Kwetu binti wa kwanza alipewa jina la bibi mzaa baba, na siku ya kumtoa nje bibi huyo ndiye aliyempakata mlangoni na kumwita jina kwa mara ya kwanza mbele ya watu. Tangu hapo wawili hao hawaitani bibi na mjukuu. Wanaitana somo, wanataniana, wanagombania kiti, na bibi akiugua somo wake ndiye wa kwanza kumpelekea uji. Nimewaona wengi wa namna hiyo. Nilimwona bibi mmoja hapo Ulaya ambaye hakuweza tena kutambua watoto wake wa kuwazaa, lakini somo wake akiita mlangoni alikuwa akiitika.

Mama yangu aliitwa Kabula. Baba yake alitoka upande wa Tabora akaja na treni kukata mkonge katika mashamba ya huku Kilosa, akiwa na mke na mtoto huyo mgongoni. Kabula, kwa lugha ya kwao, ni mtoto wa kike aliyezaliwa mvua ikinyesha. Hata aliposilimu na kuolewa na baba yangu, mkulima wa Ulaya, hakulibadili. Wazazi wake walizikwa huko huko shambani, mkonge ukaja ukashuka bei, watu wa kwao wakatawanyika, naye akabaki peke yake miongoni mwa ndugu za mumewe. Baba yangu alikuwa akimwita Kabula. Baba alipofariki mimi nilikuwa na miaka tisa, na watu wote walikuwa wamezoea kumwita Mama Shabani. Shabani ni mimi.

Rehema alipokuwa na mimba ya miezi mitano nilikwenda Ulaya kumjulia mama hali. Alikuwa anapukuchua mahindi. Aliniuliza habari za mke wangu, habari za kazi, kisha bila kuinua uso akaniambia kwamba mtoto akiwa wa kike nimpe jina lake. Sikuwahi kumsikia mama akiniomba kitu. Chakula hakuniomba, nguo hakuniomba. Nikamwitikia upesi kwamba hilo halina hata mjadala, na alifurahi mpaka akanipikia kuku aliyekuwa anataga.

Sasa utaniuliza, baba, kama ulikubali, ulibadilishwa na nini? Aibu, mwanangu. Wale waliokuja kukata mkonge waliitwa manamba, kwa sababu kila mmoja alipewa namba yake na kuitwa kwayo, na jina hilo likawashika mpaka watoto na wajukuu. Nilipokuwa shuleni, mwenzangu akishindwa kunijibu alikuwa akinitupia hilo tu: mtoto wa manamba. Upande wa baba nilikuwa mwenyeji kama wao, lakini walijua mama yangu alitoka wapi, na niliogopa walisikie jina la Kabula, lisilo la huku. Nilikua nikiliona jina la mama kama doa kwenye shati jeupe. Dobi anayajua madoa.

Basi wiki ile ile Rehema alipokaribia kujifungua, alikuja hotelini mama mmoja mgeni wa Ulaya ile ya ng'ambo, si Ulaya yetu, pamoja na binti yake mdogo. Nilikuwa naanika mashuka. Yule mama akasimama barazani akaita, "Melisa!" na mtoto akaja mbio, viatu vyeupe, utepe kichwani, anacheka. Nilimtazama nikaona mtoto ambaye hajawahi kufokewa na mtu, wala kuulizwa kabila. Nikajiambia kwamba kumbe mambo huanzia kwenye jina. Katika miaka yote ya udobi sikuwahi kuchukua hata soksi ya mgeni, lakini siku hiyo niliondoka na jina la mtoto wa watu. Kipya kinyemi ingawa kidonda.

Kliniki, nesi alipouliza jina la mtoto ili aandike kwenye kadi, nikatangulia kujibu kabla Rehema hajafungua mdomo. Rehema alinitazama. Tulipotoka aliniuliza, "Na mama je?" Nikasema nitamweleza mwenyewe, niachie mimi. Kila wiki malori yalipita kwenda Ulaya na Kilosa, na madereva nilikuwa nawajua kwa majina. Ningeweza kutuma salamu. Ningeweza kwenda mwenyewe Jumapili na kurudi. Wiki ya kwanza nilisema mtoto bado mchanga, ya pili nilisema kazi ni nyingi, na ya tano nikasema mama akimwona mtoto atasahau yote. Wahenga walisema heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi, ila mimi nilijikwaa kwa kufunga mdomo, na hilo sijasikia methali yake.

Ndipo ikafika asubuhi ile. Mama alioga, akavaa doti mpya ya kanga ambayo nyuzi zake za kiwandani zilikuwa bado zinaning'inia. Majirani walijaa uani, pilau inapikwa. Mkeka ukatandikwa mlangoni, mama akakaa, akanyoosha miguu, akafungua mikono tayari kumpakata mtoto. Nilitaka kumvuta pembeni hata wakati huo. Nikajidai nashughulika na kuni.

Jirani yetu mmoja, mwanamke mwema asiye na hatia yoyote, akatoka ndani na mtoto huku anamwimbia, "Haya Melisa, Melisa wetu, nenda kwa bibi!"

Mama akampokea. Akamtazama usoni kitambo. Watu walikuwa wanangoja amwite jina. Mama akanitafuta kwa macho mpaka akanipata penye kuni, akaniuliza kwa sauti ya chini, "Melisa ni nani?"

Hakuuliza ni jina gani. Aliuliza ni nani, kwa maana ya nani katika ukoo wetu ameitwa hivyo. Nikasogea, nikaeleza sana, na mtu anayeeleza sana ujue hana jibu. Nilisema ni jina la kisasa, huko ng'ambo linapendwa, litamfungulia mtoto njia. Akaniuliza maana yake. Sikuijua. Nikasema maana yake ni malkia.

"Haya," akasema mama. Akamwinamia mtoto, akalitamka lile jina la kigeni kwa shida, silabi moja moja, mara tatu kama desturi inavyotaka. Watu wakapiga vigelegele. Alimfunga mtoto ushanga kiunoni, akala pilau kidogo, akaosha vyombo pamoja na wanawake wengine. Mimi nikashusha pumzi nikidhani yamekwisha.

Kesho yake nilimsindikiza barabarani kungojea lori. Tulikaa juu ya gunia la mtu. Hapo akaniambia maneno ambayo nimeyabeba mpaka leo.

"Shabani, baba yangu aliitwa namba mchana kutwa. Akirudi jioni, mama alikuwa anakwenda kumpokea njiani kabla hajafika, amwite jina lake. Alikuwa anasema mtu asilale na namba. Mimi sikutaka jina langu lisifiwe, mwanangu. Nilitaka nilisikie likiitwa."

Nilianza kuomba radhi. Akanikatiza, akasema hana kinyongo, na kwamba mtoto ni mzuri na jina atalizoea. Lori likaja. Nilimpandisha, nikampa kikapu chake, naye akanipungia mkono mpaka lilipokata kona. Ningeweza kubadili kadi siku hiyo hiyo. Nesi alikuwa yule yule, na kliniki ilikuwa wazi. Lakini majirani walikwishazoea, na mimi nilikwishajisifu kazini, nikaona haya kurudi nyuma. Kijana huogopa kuonekana mjinga kuliko anavyoogopa kuwa mjinga.

Mama aliishi miaka sita baada ya hapo. Alimpenda Melisa, hilo nalishuhudia. Lakini hakumwita somo hata siku moja, wala hakugombania naye kiti. Alikuwa bibi tu, na Melisa mjukuu tu. Akawa anakuja Mikumi mara moja kwa mwaka, baadaye haji kabisa, anasema magoti. Nami nilikwenda Ulaya kwa nadra, maana mtu mwenye deni la moyo hana haraka ya kupita mlango wa anayemdai.

Alifariki wakati wa palizi, akiwa peke yake nyumbani. Majirani ndio waliomkuta. Nilifika nikakuta wameshamwosha na kumvisha sanda. Tulipomaliza kufukia, sheikh alichuchumaa penye kichwa cha kaburi ili asome talakini, na hapo, kama ujuavyo, maiti huitwa kwa jina lake na la mama yake mzazi. Akawauliza waliokuwa karibu marehemu aliitwa nani. Wakajibu kwa pamoja kwamba ni Mama Shabani. Sheikh akasema hilo si jina, anataka jina. Watu wakatazamana. Walikuwamo waliolima naye shamba kwa shamba, waliokula futari kwake, waliozaliwa yeye akiwa ameshika taa, na hakuna aliyelijua.

Nikasema, "Kabula."

Mzee mmoja nyuma yangu akanong'ona kwamba kumbe alikuwa na jina zuri hivyo. Sheikh akaniuliza binti wa nani, na mimi, mtoto wake wa pekee, jina la bibi yangu mzaa mama nilikuwa sijui. Sikuwahi kuuliza. Basi sheikh akafanya kama inavyofanywa kwa asiyejulikana mama yake, akamwita kwa Hawa, mama yetu sote. Ewe Kabula binti Hawa. Aliita mara tatu, kwa sauti kubwa, pale shambani, na kila alipoita nilikuwa nasikia kichwani sauti ya mama akisema alitaka alisikie likiitwa. Sasa liliitwa, na aliyekuwa akilitaka yuko chini ya udongo. Nililia, mwanangu, sikujali nani ananitazama. Majuto ni mjukuu.

Na lile jina nililoliona la thamani, ngoja nikwambie lilivyoishia. Yule jirani aliyemtoa mtoto nje alijifungua mwaka uliofuata, naye akamwita wake Melisa. Dada yake naye akafanya vivyo hivyo. Haukupita muda Mikumi nzima ilikuwa na Melisa kila mtaa. Nilipostaafu nikahamia hapa Mabwerebwere, humu humu Kilosa, nikakuta kuna saluni inaitwa Melisa, genge la nyanya la Mama Melisa, na mtaa wa pili kuna Melisa wawili wa nyumba moja, watoto wa mtu na mdogo wake. Stendi mwanamke akiita jina hilo, wanageuka watatu. Sisemi ni jina baya. Ila nililichukua nikidhani nampa binti yangu kitu ambacho mwenzake hana, na mpaka leo hii, Kilosa yote niliyoitembea, sijasikia mtoto anaitwa Kabula.

Melisa wangu alisoma, yuko Dodoma na kazi yake na mume wake. Alipojifungua binti, miaka kumi iliyopita, nilitumiwa picha kwenye simu. Chini ya picha paliandikwa: Ariana. Nilikaa nayo mkononi mpaka kioo kikazima. Hakuna aliyeniuliza, na sikuwa na haki ya kuulizwa, maana ndivyo nilivyofanya na mimi. Mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu. Nikawapigia kuwapongeza, nikauliza maana yake, mkwe wangu akacheka, akasema, "Baba, yako mtandaoni hayo."

Ariana ni mtoto mchangamfu. Likizo iliyopita walikuja siku tatu, nikamwomba aniangalizie kwenye simu maana ya jina la mama yake. Akabonyeza mara mbili tatu, akanisomea: ni jina la Kigiriki, maana yake nyuki wa asali. Malkia hayumo. Nilicheka mpaka machozi yakanitoka, na mtoto akadhani nimefurahi. Kisha wakaondoka, nyumba ikarudi kama ilivyokuwa.

Rehema ana miaka minne tangu atangulie. Alikuwa akiniita Baba Melisa, kama mke mwenye adabu anavyomwita mumewe, na sikuona upungufu wakati huo. Aliyekuwa akiniita Shabani ni rafiki yangu mmoja wa Lumuma, tuliyefua naye mashuka ujanani akaja kustaafia hapa jirani. Kila asubuhi akipita kwenda msikitini alikuwa anagonga dirisha kwa fimbo: Shabani, umeamka? Nilikuwa nachukia kweli kweli, namjibu kwamba nimekufa. Amefariki mwaka jana, baada ya masika. Tangu hapo mimi ni Babu, ni Mzee, ni Baba Melisa. Zahanati wananiheshimu sana, lakini nikifika napewa kikaratasi, na nikisubiri kwenye benchi naitwa namba. Siku ya kwanza nilipoitwa hivyo nilishindwa kusimama. Nesi alidhani ni miguu.

Mwezi uliopita nilimpigia Melisa nikamweleza yote, tangu kupukuchua mahindi mpaka kaburini. Sikuwahi kumwambia. Alikuwa hajui hata kwamba kulikuwa na jina lililokuwa limewekwa kwa ajili yake. Halafu akasema, "Baba, mbona hukuniambia nikiwa bado nazaa?"

Nilinyamaza mbele ya mama yangu, nikaja nikanyamaza mbele ya mwanangu, na mara zote mbili nilijidai nangoja wakati mzuri.

Kwa hiyo mwanangu, sikukatazi jina la kisasa. Mpe mtoto wako jina ulipendalo, la Kigiriki, la Kiarabu, la kwenye simu, Mungu anayajua yote. Lakini kabla hujaliandika kwenye kadi, tazama nyuma yako uone ni nani anangoja. Kama yupo, na kama huwezi kumpa anachongoja, nenda ukamwambie kwa mdomo wako mwenyewe, uso kwa uso. Atahuzunika, kisha mtakunywa chai. Usimwache akaja kulisikia mlangoni, mbele za watu, kwenye kinywa cha jirani. Na kama umeshakosea, rudi siku hiyo hiyo ukiwa bado unaona haya, kwa kuwa haya ya siku moja ni nafuu kuliko ninayoibeba mimi.

Tena kama una bibi au babu aliye hai, muulize leo jina lake, na jina la mama yake. Sisemi umwite kavu kavu kama mwenzako, utalaniwa. Sema, "Shikamoo, bibi Kabula," na umtazame anavyoitika marahaba. Utaona anakaa sawa kwenye kiti. Haitakugharimu chochote, na kwake huenda ikawa mara ya kwanza kwa miaka mingi.

Mungu akupe watoto wenye afya na majina utakayoyataja bila kutafuta maneno. Akupe moyo wa kusema mapema. Na utakapozeeka, wenzako wakiisha kutangulia mmoja mmoja, akubakizie japo mtu mmoja wa kukuita kwa jina lako, nawe uwe bado unasikia. Amina.